Kamba Mkononi mwa Iyangura

Mwaka 1956 mtambaji wa Kinyanga aitwaye Candi Rureke aliombwa afanye jambo ambalo hakuwahi kulifanya maishani mwake: asimulie kisa cha Mwindo chote, mwanzo hadi mwisho, mfululizo. Kwa Wanyanga wa Walikale, mashariki mwa Kongo, kisa hicho hakisimuliwi hivyo. Mtambaji huimba sehemu moja jioni ya leo, sehemu nyingine katika hafla nyingine, kadiri wenyeji wanavyotaka na kadiri roho inavyomtuma. Mwanaanthropolojia Mbelgiji, Daniel Biebuyck, akakaa na wasaidizi wake wakiandika kwa mkono, naye Rureke akaimba, akasimulia, akacheza na kuigiza kwa siku 12. Mwaka 1969 Chuo Kikuu cha California kilichapisha kitabu kilichohaririwa na Biebuyck pamoja na Kahombo Mateene, mwanaisimu aliye mwana wa Wanyanga wenyewe. Ndani yake mna maneno ya Kinyanga na tafsiri ya Kiingereza.

Basi kitabu hicho, katika umbo tunalolijua, kilitungwa. Kabla ya siku zile 12 hakikuwahi kusimama popote kikiwa kizima. Kilikuwa kimetawanyika vinywani mwa watu, katika jioni nyingi, katika vijiji vya msituni upande wa magharibi wa milima ya Masisi. Mwenye ukali anaweza kusema kwamba hicho ni kitu cha kubuni, kilichozaliwa kwa ombi la mgeni. Nakubali kwamba kilizaliwa hivyo. Nasema pia kwamba utakatifu wake haukupungua hata chembe, na hilo ndilo nitakalolitetea hapa.

Yapo maandiko mengine ya kubuni yanayotembea duniani yakiwa yamevikwa vazi la utakatifu. Mwaka 1908 kilitoka Chicago kitabu kiitwacho The Kybalion. Waandishi wake walijitambulisha kuwa ni watu watatu bila kutaja majina, nao walidai kubeba hekima ya Hermes wa Misri ya kale. Watafiti wengi wanaona mwandishi hasa alikuwa William Walker Atkinson, wakili Mmarekani. Kitabu hicho kinafundisha kwamba vyote ni akili, na kwamba hakuna kilichotulia: vyote vinatetemeka, na kinachotenganisha jiwe na roho ni kasi ya mtetemo tu. Tangu hapo wazo hilo limezaa vitabu, semina na mahubiri yasiyohesabika, na leo kijana wa Goma anaweza kulipokea kama habari mpya kabisa: ufahamu ulitangulia, ulimwengu ukafuata, tuliza nafsi, pandisha mtetemo wako, na hali yako itabadilika.

Silidharau wazo hilo. Sehemu yake moja ni kweli iliyopimwa. Mwaka 1787 Mjerumani Ernst Chladni alichapisha michoro ya majaribio yake. Alinyunyiza mchanga juu ya bamba, akalisugua bamba ukingoni kwa uta wa fidla, na mchanga ukajipanga katika nyota na mistari, kwa kuwa ulikimbia palipotetemeka ukakusanyika palipotulia. Sauti ilipanga vitu mbele ya macho ya watu. Lakini mchanga ule haukujua lolote, na bamba halikumwitikia Chladni. Kutoka hapo hadi kwenye ufahamu kuna shimo refu sana, na mengi ya maandiko haya mapya huliruka bila kutuonyesha yamekanyaga wapi. Wanyanga nao wana simulizi linalovuka shimo hilo. Wao huvuka kwa kamba.

Utenzi wa aina hii huitwa karisi, na Karisi pia ni roho, roho ya kiume, inayomtaka mtu fulani aimbe. Watambaji waliomweleza Biebuyck habari zao hawakusema kwamba walijichagulia kazi. Waliitwa, na kuimba kwao kuliwakinga na maradhi na kifo. Mtambaji huvaa njuga miguuni na kutikisa kibuyu chenye mbegu, na kando yake vijana hupiga mti mkavu kwa fimbo. Anapovuta pumzi, wapigaji na watazamaji huidaka sentensi yake na kuirudia, au huimba kiitikio. Zawadi huletwa kisa kikiendelea: chakula, shanga, fedha. Hakuna anayeswali kwa karisi, na Mnyanga Mkristo ana Biblia yake kanisani. Hata hivyo, ukitaka kujua andiko hili limeandikwa juu ya nini, utaona limeandikwa juu ya hewa iliyo kati ya kinywa kimoja na vinywa vingi. Ikiwa hakuna anayeitikia, mtambaji hana pa kuandikia.

Kisa chenyewe kinaanza na neno lenye nguvu mbaya. Shemwindo, mwami wa Tubondo, anawatangazia wake zake saba kwamba wazae wasichana tu. Akizaliwa mvulana, atauawa. Ni amri inayotaka kuupanga ulimwengu kabla haujazaliwa. Mwindo, mtoto wa Nyamwindo, mke kipenzi, anaanza kuijibu akiwa bado tumboni. Mama anaona kuni zimefika, maji yamechotwa, mboga zimeletwa, na aliyeifanya kazi hiyo haonekani. Siku yake inapofika mtoto anatokea kwenye kidole cha kati cha mkono wa mama. Anazaliwa akicheka, akisema, akitembea. Mkononi ana mgwisho wa mkia wa nyati, ambao Wanyanga huuita conga, na begani ana mfuko mdogo wa Kahindo, roho ya heri. Ndani ya mfuko mna kamba ndefu.

Baba anamrushia mkuki, mkuki haumpati. Anaamuru azikwe, mtoto anatoka kaburini. Ndipo wazee wa mwami wanapochonga ngoma, wanamtia ndani, wanaiwamba ngozi na kwenda kuitupa majini. Kila nisomapo sehemu hiyo nasimama kidogo. Ngoma ni chombo cha mwami mwenyewe, ndiyo sauti ya utawala wake, na Shemwindo anataka kumnyamazisha mwanawe kwa kumfungia ndani ya sauti. Haiwezekani. Ngoma inaelea na kuzunguka juu ya maji, mtoto anaimba ndani yake, wasichana waliokuja kuchota maji wanasikia na kukimbilia kijijini, na mwami aliyetaka ukimya analazimika kushuka mtoni kusikiliza. Ngoma iliyotengenezwa iwe jeneza imekuwa kinywa.

Waliomsikiliza Rureke hawakuhitaji kuelezwa kwamba ngozi na mti vinaweza kubeba jina la mtu. Upande wa Kisangani, kwa Walokele, ngoma za mti zilipeleka ujumbe wa maneno kamili kutoka kijiji hadi kijiji, na mmishonari John Carrington aliandika kitabu juu yake mwaka 1949. Mpigaji hakupiga ishara za mafumbo. Alifuata toni za lugha yenyewe, juu na chini, na kwa kuwa maneno mengi yana toni zinazofanana aliongeza sifa ndefu baada ya kila jina ili msikilizaji asikosee. Mtetemo ulikuwa lugha kwa sababu aliyekuwa upande wa pili wa msitu alizaliwa ndani ya lugha hiyo.

Mwindo anasafiri majini kumtafuta shangazi yake, Iyangura, aliyeolewa na Mukiti, nyoka mkuu wa maji. Iyangura anaipasua ngoma, na kinachomtokea machoni ni mwanga, kama wa jua linalochomoza na wa mwezi kwa pamoja. Kuanzia hapo shangazi na mpwa hawaachani, na wanaomsifu Mwindo kama shujaa wa vita hulipita jambo hili haraka mno. Vita vipo: anasaidiwa na wajomba zake Baniyana, popo walio wahunzi, anamwomba Nkuba, radi, aipige Tubondo, na Tubondo inateketea. Lakini sehemu ninayoirudia zaidi inakuja baada ya moto huo.

Shemwindo anakimbia. Anang'oa mmea wa kikoka na kutokomea kuzimu kupitia shimo la mzizi wake. Mwindo anaamua kumfuata. Kabla hajashuka anafungua mfuko wa Kahindo, anatoa kamba, anamkabidhi Iyangura ncha moja na kwenda na nyingine. Anamwachia maagizo: kamba ikitikisika, ajue mpwa wake ni mzima, ikitulia kabisa, asihangaike tena kumngoja, amekufa.

Kule chini anamkuta Kahindo mwili umejaa buba, naye anamwosha vidonda vyake. Hiyo ndiyo kazi yake ya kwanza kuzimu, kuosha vidonda, kabla ya shindano lolote. Kisha Muisa, mmoja wa miungu wa huko, anampa majaribu: apande shamba la migomba, akalete asali. Anayaweza yote, na Muisa haridhiki. Anautuma mshipi wake, nao unambamiza Mwindo chini hadi pumzi inakatika. Juu, mkononi mwa Iyangura, kamba inatulia. Shangazi anajua, anaanza kulia. Halafu mgwisho wa Mwindo unajitikisa wenyewe juu ya kichwa chake, pumzi inamrudia, anainuka, na kamba inatikisika tena.

Sijapata kusoma maelezo ya uhai yanayonishika kuliko haya. Kamba ile ingetikisika milele ikiwa imefungwa kwenye mti, isingekuwa habari. Ingekuwa mchanga wa Chladni. Inakuwa habari kwa sababu kuna mwanamke aliyeishika, anayejua ni ya nani, na ambaye atalia ikitulia. Ufahamu wa Mwindo hauko kichwani mwake tu. Uko pia katika kiganja cha shangazi yake. Kitabu cha Chicago kinamfundisha mtu mmoja, chumbani mwake, autawale mtetemo wake. Karisi haimjui mtu wa peke yake. Hata mtoto aliyezaliwa akitembea, anayeweza kufufua wafu kwa mgwisho, anahitaji mtu wa kushika ncha ya pili.

Labda mtu wa nchi tambarare angeyaona haya kuwa fumbo zuri na kupita. Kwa watu wa Masisi na Walikale ardhi yenyewe haitulii. Kuzimu kwa Wanyanga ni miliki ya Nyamurairi, mungu wa moto, ambaye jina lake limo katika ramani za dunia kwa tahajia ya Nyamulagira, volkano iliyo kaskazini ya Ziwa Kivu, mojawapo ya zile zinazolipuka mara nyingi zaidi Afrika. Jirani yake ni Nyiragongo. Usiku wa tarehe 22 Mei 2021 Nyiragongo ilipasuka na lava ikashuka hadi viungani mwa Goma. Iliposimama, ardhi haikusimama. Kwa siku kadhaa matetemeko yalifuatana, kuta zikapasuka, na tarehe 27 Mei serikali ikaamuru sehemu kubwa ya mji ihamwe. Makundi kwa makundi yakashika barabara ya Sake, lango la Masisi, magodoro kichwani.

Wataalamu wa Kituo cha Uangalizi wa Volkano cha Goma husikiliza ardhi hiyo kwa mitambo ya kupima mitetemo. Kazi yao naiheshimu sana, na nadhani Iyangura angeielewa: kukaa umeshika ncha ya kitu ambacho ncha yake nyingine iko kuzimu, na kujua tofauti kati ya kutikisika kwa kawaida na kutikisika kwa hatari. Mtambo hupima. Anayeamua kuwaamsha watu usiku ni binadamu aliyejali. Kipimo bila mtu wa namna hiyo ni mistari kwenye karatasi.

Nchi hii imewahi pia kupokea andiko kutoka mbali na kuligeuza kwa kuliitikia. Mafundisho ya Watch Tower, yaliyoanzishwa Marekani na Charles Taze Russell, yalihubiriwa Nyasaland na Elliot Kamwana kati ya 1908 na 1909, yakapita Rhodesia ya Kaskazini, yakaingia Katanga miaka ya 1920, na kufikia huku kwa jina la Kitawala. Vijitabu vya Watch Tower vilitangaza mwisho wa dunia. Watu waliokuwa wakilazimishwa kuvuna mpira na kuchimba madini kwa ajili ya vita vya Wazungu walisikia ndani yake mwisho wa dunia moja maalumu, ile ya mkoloni. Mwaka 1944 Bushiri Lungundu, aliyejitangaza kuwa naibu wa Yesu, aliongoza uasi uliozagaa katika maeneo ya Lubutu na Masisi. Ulizimwa kwa bunduki na watu wengi wakafa. Baada yake wafuasi wa Kitawala waliendelea kukamatwa na kupelekwa makambi ya mbali, kama Ekafera kule Équateur.

Namtaja Bushiri kwa sababu habari yake inaonyesha pande zote mbili za neno linaloitikiwa. Umati ulipoitika, maneno ya kijitabu yakawa kitu kinachoweza kuitikisa serikali. Hakuna profesa wa Ulaya aliyehitajika kuthibitisha kwamba neno huumba hali. Na umati ulipoitika, watu walikufa. Neno lenye nguvu ya kuumba linahitaji mpaka, na hapa ndipo karisi inapokwenda mbali kuliko maandiko mengi ya mtetemo niliyoyaona.

Mwindo anamrudisha baba yake kutoka kuzimu. Anawafufua watu wa Tubondo aliowaangamiza, mmoja mmoja, kwa mgwisho wake. Anagawana naye utawala. Simulizi dhaifu lingeishia hapo, shujaa akiwa juu ya kiti. Rureke hakuishia hapo. Wawindaji wa Mwindo wanakutana msituni na joka, Kirimu, na Mwindo anakwenda kuliua. Joka lile lilikuwa rafiki wa Nkuba, radi ile ile iliyomsaidia. Nkuba anashuka, anamchukua mpaka mbinguni, na huko Mwindo anakaa mwaka mzima bila kuweza kujitetea. Mvua inampiga. Jua linamchoma kwa joto na kiu. Mwezi na nyota Kubikubi nao wanamkemea. Yule ambaye kila alichokiimba kilitokea sasa hana wimbo wa kumwokoa. Anakatazwa kuua wanyama tena. Waswahili husema ngoma ikilia sana haikawii kupasuka. Wanyanga wamempandisha mpiga ngoma wao juu hadi kwenye jua ili alijue hilo.

Aliporudi alikuwa amejifunza kusikiliza. Sheria anazowapa watu wake baada ya hapo hazina lolote la ajabu: wapande mazao mengi na ya namna nyingi, wajenge nyumba nzuri, wasigombane, wasifuate wake za wenzao, wasimcheke mgonjwa anayepita kijijini. Mtu aliyekaa na jua na mwezi mwaka mzima ameteremka na neno kuhusu migomba na kuhusu mgonjwa asiyechekwa. Kwangu mimi huo ndio muhuri wa andiko takatifu. Linakwenda hadi mwisho wa ulimwengu na kurudi likiwa na jambo la kumfanyia jirani leo. Andiko linalopanda juu na kubaki huko, likinong'ona na msomaji wake kuhusu ukuu wake mwenyewe, halijakamilika, hata liwe na miaka elfu tano. Na lile linalorudi kwa jirani ni takatifu, hata kama lilitungwa kwa siku 12 za mwaka 1956.

Sasa nije kwenye hali ya leo, ambayo inanifanya niandike kwa haraka kuliko ningependa.

Simu iliyo mfukoni mwako, ndugu msomaji, inapotetemeka, ndani yake kuna kizito kidogo kinachotikiswa na mota, na kwa kawaida kizito hicho hutengenezwa kwa wolframu, mojawapo ya madini yanayochimbwa mashariki mwa Kongo. Karibu nacho kuna tantalu, ambayo hutokana na koltani. Kwa makadirio ya Umoja wa Mataifa, machimbo ya Rubaya, wilayani Masisi, peke yake hutoa karibu asilimia 15 ya tantalu ya dunia. Walikale ina Bisie, mojawapo ya machimbo yenye utajiri mkubwa kabisa wa bati duniani. Dunia inayotafuta vitabu vya kuifundisha kuhusu mtetemo imeushika mtetemo wa Masisi na Walikale mkononi mwake, na haijui ni wa nani.

Mwishoni mwa Aprili 2024 waasi wa M23 waliichukua Rubaya. Januari 2025 waliichukua Masisi mjini, kisha Sake, kisha Goma. Mwezi Februari makambi ya wakimbizi yaliyoizunguka Goma, Bulengo, Lushagala, Rusayo na mengineyo, yaliondolewa, na watu waliokuwa wamekimbia mara tatu au nne wakaambiwa warudi makwao, ambako wengi hawakuwa na nyumba tena. Machi 19 vita vilifika Walikale mjini. Kampuni ya Alphamin ilikuwa imesimamisha kazi Bisie siku chache kabla, na mwezi uliofuata waasi walipoondoka Walikale mjini kazi ikaanza tena. Bati lilipata njia ya kurudi haraka kuliko watu.

Katika siku kama hizo, familia iliyogawanyika kati ya Walikale na Goma inaishi kama Iyangura. Mtu anakaa na simu kiganjani, mtandao umekatika, na anangoja itetemeke. Ikitetemeka, yule wa upande wa pili ni mzima. Isipotetemeka siku ya kwanza unasema ni mtandao. Siku ya pili unasema ni chaji. Baada ya hapo hakuna anayesema kitu nyumbani. Watu hao hawahitaji kufundishwa kwamba uhalisia ni mtetemo. Wanalijua jambo hilo kwa kiganja, na wanajua pia sehemu ambayo vitabu vingine vimeisahau, kwamba mtetemo ni wa mtu.

Vita haviui waimbaji tu, huvunja uwanja. Mtambaji anaweza kuwa mzima mahali fulani Goma, kumbukumbu yake kamili, sauti yake kamili, lakini vijana wa kupiga mti mkavu wako Kisangani, waliokuwa wakidaka kiitikio wametawanyika hadi Uganda, na wajukuu waliokulia kambini husema Kiswahili na hawawezi kumwitikia kwa Kinyanga. Mtu huyo ana karisi kama ngoma iliyo chini ya maji. Na watu wakishaacha kuitikia, kitabu cha 1969 kitabaki kwenye maktaba za California na Ulaya kikiwa na kila neno, na hapatakuwa na mtu anayejua pale mtambaji alipovuta pumzi ni nani alipaswa kuendelea.

Kwa hiyo nina maombi, na nayasema wazi. Kwa vijana wa Walikale na wa Masisi mlio Goma, Bukavu, Kampala, Nakivale au popote: yule mzee wa kwenu anayejua japo kipande kimoja cha karisi, nendeni mkakae naye wiki hii, mrekodini kwa simu hiyo hiyo, na mkiwa naye itikieni, hata kwa Kinyanga kibovu, kwa maana mkinyamaza atafupisha. Kwa redio za Goma na Bukavu: wapeni watambaji saa moja, pamoja na waitikiaji wao, msiwaweke peke yao mbele ya maikrofoni. Kwa Chuo Kikuu cha Goma na kwa wafasiri wa Kiswahili: Kinyanga cha Rureke kimechapwa, kipo, tuleteeni Mwindo kwa Kiswahili kutoka Kinyanga chenyewe, bila kupitia Kiingereza, na wahariri wa kazi hiyo wawe Wanyanga. Na kwa wale wote wanaouza na kununua madini ya Rubaya na Bisie: waulizeni watu wa huko kama ni wazima, na msikilize wanapojibu.